Octavia St. Laurent: sura iliyojulikana na wengi, kazi iliyoonwa na wachache

Katika filamu ya hali halisi ya Paris Is Burning wamo watu wengi wenye ulimi wa kuvutia, lakini yupo binti mmoja ambaye kamera haiishi hamu naye. Yuko chumbani kwake, ukutani kabandika picha za mwanamitindo Paulina Porizkova, na anataja bila kuficha anachokitaka duniani: jina lake lijulikane katika kila nyumba, na akipita watu waambiane kwamba yule ndiye Octavia. Anasema pia kwamba yeye tayari ni mtu. Anachotafuta sasa ni kuwa mtu mwenye mali.

Jina alilipata. Filamu ilichukua tuzo kuu ya filamu za hali halisi katika tamasha la Sundance mwaka 1991, ikaingia kwenye majumba ya sinema, na mpaka leo vipande vyake vinazunguka mitandaoni, huku Octavia St. Laurent akitazamwa na watu ambao hawakuwa wamezaliwa wakati ule. Mali haikufuata. Uanamitindo wa ngazi aliyoiota haukuja. Alifariki tarehe 17 Mei 2009 huko Syracuse, jimbo la New York, akiwa na miaka 45, baada ya kuugua saratani kwa muda mrefu.

Kisa chake huwa kinasimuliwa nusu. Nusu inayopendwa ni ya mrembo mwenye ndoto. Nusu inayorukwa ni ya mwanamke mtu mzima aliyesimama mbele ya watu wake akaeleza habari za dawa za kulevya, za kuuza mwili na za mapambano yake na UKIMWI, ili walio nyuma yake wasife kwa kutojua. Naiona nusu hiyo ya pili kuwa ndiyo kazi yake kubwa, na nitajaribu kuonyesha kwa nini. Lakini haieleweki bila kwanza kujua alitokea wapi na alilipwa nini.

Ulimwengu uliomlea

Octavia alizaliwa Brooklyn tarehe 16 Machi 1964. Mwaka 1982, akiwa na miaka 18, aliingia katika bolrumu, mashindano ya usiku ya mavazi, mwendo, uso na dansi yaliyoanzishwa na kuendeshwa na mashoga na wanawake transjenda (waliozaliwa wakihesabiwa wanaume lakini wanaoishi kama wanawake, Octavia akiwa mmoja wao) Weusi na wenye asili ya Amerika ya Kilatini jijini New York. Desturi yenyewe ina mizizi mirefu. Huko Harlem, chama cha Hamilton Lodge kilianza kuandaa dansa za kujigeuza mavazi mwaka 1869, na kufikia miaka ya 1920 na 1930 usiku huo ulikuwa unavuta maelfu ya watu.

Mfumo wa nyumba, ambao ndio uti wa mgongo wa bolrumu ya leo, ulitokana na hasira. Mwaka 1967 Crystal LaBeija, mshindani Mweusi kutoka Manhattan, alishiriki shindano la urembo lililofanyika katika ukumbi wa Town Hall. Matokeo yalipotangazwa alishuka jukwaani na kudai mbele ya kamera kwamba yalipangwa kumbeba mshindani Mzungu. Kwa miaka mingi Weusi walikuwa wakitarajiwa kujipaka poda waonekane weupe ndipo wapate alama. Mwaka 1972 Crystal na mwenzake Lottie wakaandaa usiku wao wenyewe Harlem, kwa jina la Nyumba ya LaBeija. Zikafuata nyingine: Corey, Dupree, Pendavis, Xtravaganza, Ninja. Nyingine zilijiita kwa majina ya wabunifu wa mitindo wa Ulaya, kama Nyumba ya St. Laurent ambayo Octavia alibeba jina lake.

Msomaji wa pwani aliyewahi kusikia habari za vyama vya lelemama vya Mombasa, na sare zao, vyeo vyao na ushindani wao usiolala, ataielewa nyumba ya bolrumu haraka kuliko mgeni wa kutoka mbali. Jina la chama ni heshima ya kila aliyemo, na aibu ya mmoja ni aibu ya wote. Tofauti ni kwamba New York ya miaka ya 1980 nyumba ilikuwa vilevile mahali pa kula na kulala. Watoto wengi waliofika kwenye bolrumu walikuwa wamefukuzwa kwao. Mama wa nyumba, ambaye mara nyingi alikuwa mwanamke transjenda asiyewazidi sana umri, ndiye aliyewashonea, akawafundisha kutembea, akawatafutia pa kulaza ubavu.

Kutembea ndilo neno lao la kushindana. Mtu anatembea katika kipengele fulani mbele ya meza ya waamuzi. Wakikubali wanampa kumi, mmoja asipokubali anamkata na safari yake imeishia hapo. Kipengele cha Octavia kilikuwa Uso. Waamuzi wanatazama ngozi, meno, pua, mifupa ya mashavu, na mshindani hujifuta kwa kitambaa mbele yao ili waone kwamba ngozi ni ngozi na haibebwi na vipodozi. Ni kipengele kikali. Nguo unaweza kuazima, dansi unaweza kujifunza, ila uso ndio huohuo uliokuja nao.

Kuna kipengele kingine, Uhalisia, ambamo mshindani hutembea ili aonekane kama mtu wa kawaida wa barabarani: karani, askari, mwanafunzi, mwanamke anayekwenda kazini. Watazamaji wageni huliona hilo kama mchezo wa kuigiza. Kwa mwanamke transjenda lilikuwa mazoezi ya kubaki hai, kwa sababu barabarani hakuna kadi ya kumi, na anayegunduliwa anaweza kupigwa au kuuawa. Mhariri wa Paris Is Burning ameyaunganisha maneno ya Octavia na ya binti mwingine, Venus Xtravaganza, hadi ndoto zao zikawa kama mazungumzo ya watu wawili: huyu anataka hiki, yule anataka kile. Venus alikutwa amenyongwa katika chumba cha hoteli jijini New York Desemba 1988, akiwa na miaka 23, kabla filamu haijakamilika. Hakuna aliyetiwa hatiani.

Octavia alibaki. Kila ninachosema hapa chini kuhusu kazi yake kinasimama juu ya jambo hilo.

Fedha

Filamu ilipigwa katika nusu ya pili ya miaka ya 1980, sehemu kubwa ya mashindano ikiwa katika ukumbi wa Imperial Elks Lodge, Harlem. Mwongozaji, Jennie Livingston, alikuwa kijana Mzungu aliyesoma Chuo Kikuu cha Yale, msagaji, mgeni katika bolrumu lakini si mgeni kabisa katika maisha ya watu wanaokataliwa. Alihangaika miaka kadhaa kutafuta fedha za kumalizia. Hilo nalisema kwa sababu ni haki yake: hakuwa tajiri aliyekuja kuchuma.

Hata hivyo filamu ilipotoka iliingiza karibu dola milioni 4 katika sinema za Marekani, kiasi kikubwa mno kwa filamu ya aina hiyo wakati ule. Walioonekana ndani yake wakauliza sehemu yao. Paris Dupree, ambaye usiku wake wa mashindano ndio uliotoa jina la filamu, alidai fidia ya dola milioni 40. Wengine walitafuta mawakili. Ikabainika kwamba walikuwa wametia saini karatasi za kuruhusu picha zao zitumike, na karatasi hizo zikawafunga. Mwishowe watayarishaji waligawa takriban dola 55,000 kwa washiriki 13, kila mtu kwa kadiri alivyoonekana. Ukigawa sawasawa ni kama dola 4,200 kwa mtu.

Hoja ya upande wa filamu ilikuwa kwamba desturi ya uandishi wa habari ni kutomlipa anayehojiwa, na kwamba mapato ya mlangoni si faida, maana msambazaji na wenye sinema hukata chao kwanza. Hoja ya pili ni ya kweli. Ya kwanza siikubali kikamilifu. Mwanasiasa anayehojiwa dakika kumi analindwa na cheo chake. Mtu anayekufungulia chumba chake, akakuonyesha mwili wake katikati ya safari ya kubadilika, akakutajia matumaini ya upasuaji na hofu zake, amekupa kazi, na kazi hiyo ndiyo iliyouza tiketi. Afrika Mashariki tunaijua kamera hii. Inafika kijijini, inapendwa, inapikiwa, kisha inaondoka na sura za watu.

Upande wa Octavia kuna tukio ndani ya filamu yenyewe linalouma zaidi ya hesabu. Anahudhuria usaili wa wazi wa kusaka wanamitindo wapya ulioandaliwa na Eileen Ford, mwanamke aliyekuwa na sauti kubwa kuliko wote katika biashara hiyo New York. Octavia amejipanga pamoja na mabinti wengine, mrefu, mtulivu, na mtazamaji anaona wazi kwamba ana kila kinachotafutwa pale. Biashara ile haikuwa na nafasi kwa mwanamke Mweusi transjenda aliyejulikana kuwa hivyo. Kwa hiyo filamu ilimfungia mlango kwa namna ambayo hakuna aliyeikusudia: kadiri alivyojulikana, ndivyo asivyoweza tena kupita kimyakimya kama mwanamitindo mwingine yeyote. Umaarufu ulikula Uhalisia wake. Baadaye alipata nafasi ndogo katika filamu ya kuigiza, The Saint of Fort Washington, ya mwaka 1993. Sinema ya Marekani haikujenga kitu juu ya nafasi hiyo.

Ugonjwa ulioingia pamoja naye

Mwaka 1982 Octavia alipoanza kutembea ndio mwaka ambao madaktari wa Marekani waliupa UKIMWI jina. Ujana wake wote katika bolrumu, basi, ulikwenda sambamba na vifo. Dawa ya kwanza, AZT, iliidhinishwa mwaka 1987, na mchanganyiko wa dawa uliogeuza ugonjwa kutoka hukumu ya kifo kuwa hali ya kuishi nayo haukuenea mpaka 1996. Kati ya tarehe hizo mbili bolrumu ilizika sana. Angie Xtravaganza, mama wa nyumba aliyependwa kuliko wengi, alifariki Machi 1993 akiwa na miaka 28. Dorian Corey, mzee mwenye busara wa Paris Is Burning, alifuata Agosti mwaka uleule.

Misaada ya nje ilikuwepo. Mei 1989 watu wa mitindo waliandaa usiku mkubwa ulioiga bolrumu, Love Ball, na kuchangisha mamia ya maelfu ya dola kwa ajili ya UKIMWI. GMHC, shirika la kupambana na UKIMWI la New York, lilifanya jambo la busara zaidi, kwa maoni yangu: lilianzisha nyumba yake ndani ya mfumo wa nyumba, Nyumba ya Latex, na kuandaa mashindano ambamo kondomu, elimu na vipimo vilikuja pamoja na vikombe. Walielewa kwamba watu hawa hawangefuata kliniki. Kliniki ilibidi itembee.

Lakini kijikaratasi cha afya hakina cheo katika bolrumu. Cheo hupatikana kwa vikombe, na baada ya miaka mingi ya kushinda mtu huitwa lejendi, na lejendi akizungumza ukumbi unanyamaza. Hapo ndipo Octavia alipokuwa na kitu ambacho muuguzi hakuwa nacho. Miaka ilivyosonga alijulikana kama Octavia St. Laurent Mizrahi, na mwishoni akabeba jina refu la heshima, Heavenly Angel Octavia St. Laurent Manolo Blahnik. Aliyetaka kumpuuza alilazimika kulipuuza jina hilo lote.

Mwaka 2006 ilitoka filamu nyingine ya hali halisi kuhusu bolrumu, How Do I Look, ya Wolfgang Busch, iliyotengenezwa kwa miaka mingi pamoja na wanabolrumu wenyewe. Octavia yumo. Huyu si binti wa ndoto tena. Anazungumzia dawa za kulevya alizotumia. Anazungumzia kuuza mwili, kazi ambayo wanawake transjenda wengi wa kizazi chake waliingia kwa sababu kazi nyingine ziliwakataa mlangoni. Anazungumzia mapambano yake na UKIMWI. Na alikuwa akiyasema hayo katika juhudi zake za kuelimisha watu kuhusu VVU, akitumia jina lilelile lililotokana na urembo.

Tulitazame tendo hilo kwa makini. Bolrumu ni ulimwengu uliojengwa juu ya kuonekana mkamilifu. Mipasho ni sehemu ya mchezo: mpinzani anatafuta kasoro yako moja na kuisema kwa sauti ukumbi mzima ucheke. Katika mazingira hayo, kujulikana kuwa mgonjwa ni kumkabidhi mpinzani silaha. Tena ugonjwa huu, kabla ya dawa za kisasa, ulijiandika usoni: mashavu yalizama, ngozi ilitoka madoa. Mtu ambaye heshima yake yote ilitokana na kushinda kwa Uso ndiye aliyechagua kuuzungumzia hadharani. Alichokuwa nacho cha thamani kuliko vyote alikiweka mezani. Sijaona mahali popote katika Paris Is Burning, pamoja na uzuri wake, ambapo ushujaa wake unafikia pale.

Kwa wanawake transjenda faida ya ushuhuda huo ilikuwa ya pekee. Kampeni za mwanzo za UKIMWI nchini Marekani zilizungumza na mashoga wanaume, kisha na watumiaji wa sindano, kisha na wanawake kwa jumla. Mwanamke transjenda aliyeishi kwa kuuza mwili alihesabiwa mara nyingi kama mwanaume, au hakuhesabiwa. Kumsikia mtu wa aina yake, mzuri, maarufu, akisema kwamba yamemkuta na kwamba anapambana, kulimpa nafasi ya kujiona ndani ya habari ile na kwenda kupima.

Yaliyobaki

Nyota wa Paris Is Burning waliondoka mmoja mmoja: Pepper LaBeija alifariki mwaka 2003, Willi Ninja mwaka 2006, Octavia mwaka 2009, Paris Dupree mwaka 2011. Madai ya kizazi kile hayakuzikwa nao. Mwaka 2015, Paris Is Burning ilipopangwa kuonyeshwa hadharani katika bustani ya Prospect Park, Brooklyn, bila wanabolrumu kushirikishwa, watu walikusanya saini kupinga mpaka waandaaji wakabadilisha mpango. Walichodai ni kiti mezani, dai lilelile la walipotafuta mawakili miaka zaidi ya ishirini kabla. Mwaka uliofuata Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza filamu hiyo katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa kwa ajili ya taifa. Mambo yote mawili yalistahili kutokea. Filamu ni hazina, na walioifanya hazina walikuwa na deni la kudai.

Kati ya 2018 na 2021 tamthilia ya Pose iliirudisha New York ya akina Octavia kwenye televisheni, ikiwa na wanawake transjenda watano katika nafasi kubwa, wakiigiza kwa mkataba na mshahara. Livingston alikuwa miongoni mwa washauri wake na aliongoza sehemu moja. Januari 2022 Michaela Jaé Rodriguez, aliyeigiza mama wa nyumba mwenye VVU, alipata tuzo ya Golden Globe, wa kwanza miongoni mwa waigizaji transjenda. Mabinti waliokatwa kwa kushindwa Uhalisia barabarani hatimaye walipewa kumi na watu wa nje.

Mwenzake katika tamthilia hiyo, Billy Porter, alikuwa anaigiza mtu mwenye VVU, na mwaka 2021 alitangaza kwamba yeye mwenyewe anaishi navyo tangu 2007. Alikuwa amekaa kimya miaka 14. Wakati huo wote dawa zilikuwepo, na mwishoni alikuwa na tuzo ya Emmy, mawakili na jina kubwa, na bado alieleza jinsi aibu na hofu ya kupoteza kazi vilivyomfunga mdomo. Octavia alizungumza mwaka 2006, bila mkataba wa televisheni, bila tuzo ya kumkinga, mbele ya watu ambao kesho yake wangeweza kumkata.